Ndoo Tatu za Krimu

Kwenye jengo
Tarehe 3 Machi

Kwako mchumba wangu Mwalimu,

Hujambo? Mimi ni mzima, nakula, nalala, na ngazi napanda kama paka. Baba yako akikuuliza habari zangu mwambie hivyo hivyo.

Barua hii inakujia na dereva wa lori la saruji. Simu mliyoninunulia nimeiweka kando. Inalia nikiwa juu ya ngazi, na herufi zake ni kama siafu, hazitulii. Barua ndiyo kitu cha heshima. Mwandiko wangu unaujua, niliusomea ukubwani, na mwalimu wetu alisema tangu azaliwe hajaona mwandiko kama ule. Nawe nijibu kwa herufi kubwa, maana kalamu za siku hizi wino wake mwepesi.

Sasa nakupima. Unafundisha hesabu darasa la sita, nataka nijue kama unajua kweli au umevaa miwani tu.

Kuna fundi mmoja, simtaji, anapaka rangi bweni jipya. Vyumba vyote krimu. Mpaka leo ametumia ndoo kumi na mbili. Bosi amepita na kofia yake ya plastiki, akachungulia, akasema, "Mzee, umefika asili mia thelathini. Niambie jumla ya ndoo, tangu mwanzo mpaka mwisho wa jengo, ni ngapi."

Bosi hasumbui bure. Rangi yote iliyobaki lazima ichanganywe siku moja. Ukichanganya nusu leo na nusu mwezi ujao, krimu ya pili haitakuwa dada wa ile ya kwanza, na ukuta utakuwa na kiraka kama suruali ya mlevi. Kwa hiyo anataka jumla, na amesema fundi asiyejua jumla ya kazi yake arudi nyumbani akaote jua. Yupo kijana mwingine amekwisha kuulizia nafasi hiyo.

Jibu mimi ninalo. Mia ukitoa thelathini inabaki sabini. Basi bado ndoo sabini. Jumlisha na zile kumi na mbili, themanini na mbili. Huyo fundi nimekwisha kumwambia. Nataka kuona tu kama tumefanana, mimi na wewe uliyesoma. Jibu lije kabla ya wiki ijayo kwisha.

Ni mimi babu yako,
Fundi Mkuu wa Rangi


Shuleni
Tarehe 6 Machi

Babu mpendwa,

Shikamoo. Huyo fundi usiyemtaja, mwambie asiseme themanini na mbili. Nakuomba sana. Rangi hiyo itatosha kupaka na lori la saruji.

Asilimia haihesabu ndoo, babu. Chukulia jengo zima tumelikata vipande mia vinavyolingana. Fundi amepaka vipande thelathini, na hivyo thelathini vimekula ndoo kumi na mbili. Basi kila vipande kumi vimekula ndoo nne. Kwenye mia kuna kumi ngapi? Kumi. Ndoo nne mara kumi ni arobaini. Jumla ni ndoo arobaini, na zilizobaki ni ishirini na nane.

Asione haya. Nusu ya darasa langu walikosea hapo hapo juzi, walitoa thelathini kwenye mia wakaziita ndoo. Ila wao wana miaka kumi na miwili.

Nimeandika kubwa kama ninavyoandika ubaoni. Na huo wino umekuwa mwepesi tangu lini? Kalamu ni ile ile.

Mjukuu wako,
Mwalimu


Kwenye jengo
Tarehe 9 Machi

Kwako Mwalimu,

Marahaba. Barua nimeisoma na sikukubali. Neno lenyewe linasema asili mia. Asili ni mwanzo, ni shina. Kama shina ni mia, hiyo arobaini yako imechipuka wapi? Hata mtu ambaye hakuvuka darasa la pili anaona.

Nimekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa nikachora vipande vyako kwa mkaa kwenye sakafu ya banda la mafundi. Nikavichora vyote mia. Mama Stoo akanikuta. Huyu ndiye anayeshika funguo za stoo, mama mmoja mnene mwenye maneno machache, na hayo machache ni ya kuudhi.

"Mzee, unacheza drafti?"

"Napima jengo."

"Jengo liko huku nje."

Nikaweka vifuniko vya ndoo juu ya vipande, vinne kwa kila safu ya kumi. Safu tatu, vifuniko kumi na viwili. Nikaendelea na mawe pale vifuniko vilipokwisha. Nilipofika safu ya mwisho nikahesabu, nikahesabu tena. Arobaini.

Kwa hiyo umefaulu. Nilikuwa nakupima tu, nilijua tangu mwanzo.

Na fundi mwenyewe ni mimi, kama hukujua. Nani mwingine wangempa jengo la vyumba sitini? Tangu baba yako hajaota meno, ndoo moja ya babu yako ni vyumba viwili. Si kimoja na nusu, viwili, pembe kwa pembe, na inabaki ya kufutia brashi. Mafundi wengine wanamwaga rangi kama wanamwagilia mchicha. Mimi ndoo moja, vyumba viwili. Ukimuuliza fundi yeyote wa zamani atakwambia, kama bado yu hai.

Alhamisi nampa bosi arobaini yake.

Babu yako,
Fundi Mkuu


Shuleni
Tarehe 11 Machi

Babu,

Shikamoo. Nilijua fundi ni wewe tangu pale pa kupanda ngazi kama paka.

Usimpe bosi jibu bado. Kuna kitu hakikai vizuri, na umekileta mwenyewe. Umesema vyumba ni sitini, na ndoo moja ni vyumba viwili. Kwa hesabu hiyo jengo zima ni ndoo thelathini. Lakini kwa hesabu ya asilimia tumepata arobaini. Jengo moja haliwezi kuwa na jumla mbili.

Nimerudi nyuma. Asilimia thelathini ya vyumba sitini ni vyumba kumi na vinane. Je, ni kweli umemaliza kumi na vinane? Kama ni kweli, kwa mkono wako vilitakiwa kula ndoo tisa. Wewe umetumia kumi na mbili.

Ndoo tatu zimekwenda wapi, babu?

Mjukuu wako,
Mwalimu


Kwenye jengo
Tarehe 13 Machi

Mchumba wangu, wewe si mwalimu, wewe ni askari.

Vyumba ni kumi na vinane, ndiyo, ghorofa ya chini yote. Nilipofika pale uliposema ndoo tatu zimekwenda wapi, nywele zilinisimama, zile zilizobaki. Mkono wangu haukosei. Kama mkono haukosei, basi ndoo zimetembea. Na ndoo haina miguu, inatembezwa na mwenye funguo.

Nimemsema leo saa ya chakula, uwanjani, mbele ya watu wote, sikumsengenya chumbani. Nikasema kwa sauti kwamba mjukuu wangu amepiga hesabu na hesabu imemkamata mwizi. Watu wakaacha kutafuna. Bosi akaitwa, nikamweleza tisa na kumi na mbili, akanielewa upesi, maana yeye kusikia neno wizi ni kama kuamshwa.

Mama Stoo alisema maneno mawili tu. "Mzee, mimi?"

Nikamwambia hesabu haina ulimi wa kuongopa.

Bosi amempa mpaka Jumamosi. Azilete ndoo tatu, la sivyo aache funguo mezani aondoke. Nami nimempa bosi jumla yake, ndoo thelathini, kwa mkono wangu unaojulikana. Akasema vizuri mzee, wewe ni mtu wa kazi. Umesikia hilo.

Leo naandika kwa haraka, huku ndani giza, taa zao hazina nguvu.

Babu yako,
Fundi Mkuu


Shuleni
Tarehe 14 Machi

Babu, shikamoo,

Dereva yuko getini anapiga honi, nimemwomba anisubiri, kwa hiyo naandika mbio.

Mimi sikusema mwizi. Niliuliza zimekwenda wapi.

Fanya hivi. Mwizi wa rangi anachukua ndoo iliyojaa, na kifuniko chake. Hachukui rangi akakuachia ndoo tupu. Nenda pale mnapotupa ndoo zilizokwisha. Zihesabu. Ukizikuta tisa, nitaandika kwa bosi mwenyewe. Ukizikuta kumi na mbili, hakuna aliyeiba, rangi yote imekwenda ukutani kwa brashi yako.

Jambo la pili sitaki kuliandika lakini naliandika. Barua yako ya jana mistari imepandana. Jina la Mama Stoo umeliandika, kisha ukaandika jina lile lile juu yake, kama vile la kwanza halikuwepo. Mwanzoni nilidhani umelikoleza. Babu, ukuta wenu ulipigwa nyeupe kwanza, sivyo? Krimu juu ya nyeupe, ikiwa bado mbichi. Unaona pale ulipopaka na pale ambapo bado?

Mtu asipopaona atapaka tena.

Zihesabu kabla ya Jumamosi. Mama wa watu asiondoke kwa hesabu yangu.

Mjukuu wako


Kwenye jengo
Tarehe 17 Machi

Mwalimu,

Nimezihesabu. Ziko nyuma ya tangi la maji. Nilizipanga ukutani nikazipitia kwa mkono, nikiingiza kidole katika kila moja, na kila moja ilikuwa na krimu yangu imekauka ndani. Wanasema debe tupu haliachi kuvuma. Zile zilinyamaza kabisa. Kumi na mbili.

Kisha nikaingia chumba cha kwanza nilichopaka, nikapitisha kiganja ukutani. Laini, tabaka moja safi. Nikaenda chumba cha kumi na vinane. Kule mkono ulipanda na kushuka kama unapita juu ya mablanketi. Kuna mahali nimepita mara tatu.

Macho yangu hayana kitu. Ni ukungu tu, ule wa asubuhi, ila siku hizi asubuhi inafika mpaka jioni.

Jumamosi nilikwenda ofisini. Mama Stoo alikuwa amekwisha kufika, funguo ziko mezani, mkoba uko begani. Nikasema nilivyokuja kusema.

"Bosi, jumla si thelathini. Ni arobaini."

"Mzee, Alhamisi ulisema thelathini na mwizi. Leo mwizi yuko wapi?"

"Hakuna mwizi. Thelathini ni kwa fundi anayeona. Kwa macho haya ni arobaini."

Bosi akavua ile kofia. Sikuwahi kumwona kichwa, kumbe ana upara. Akasema yeye alikodi fundi, hakukodi kipofu, na kwamba kijana yule anaweza kuanza Jumatatu. Nikasema sawa. Sikumbembeleza, wewe unanijua.

Mama Stoo akauliza, "Na mimi je?"

Nikamwambia hakuna ndoo iliyoibwa, mama, zote ziko nyuma ya tangi.

"Mwizi uliniita uwanjani. Huku ofisini tunakusikia wawili tu."

Basi tukatoka. Watu walikuwa wanapakua mchanga. Nikapanda juu ya tofali nikasema kwa sauti ile ile ya siku ile, maana mimi sifanyi kitu nusu: Mama Stoo hakuiba hata kijiko, rangi niliipaka mimi mara mbili mbili kwa kuwa sikuiona. Mmoja akacheka. Nikamwambia acheke vizuri, na yeye ana macho mawili tu kama mimi.

Mama Stoo akachukua funguo zake. Kisha akamgeukia bosi, akasema, "Huyu mzee amalize kazi yake. Mimi nitasimama nyuma yake na taa."

Bosi akamuuliza anamwonea huruma mtu aliyemharibia jina?

"Huruma ya nini? Nataka nione kwa macho yangu ndoo zangu zinakwenda wapi."

Bosi amenunua nyeupe ya kuchanganyia krimu, ndoo zilizobaki ishirini na nane kama ulivyosema. Amesema nikiharibu chumba kimoja cha juu, nishuke na ngazi yangu.

Babu yako


Shuleni
Tarehe 19 Machi

Babu mpendwa,

Shikamoo. Nimeisoma barua yako mara nyingi na sijui nianzie wapi, kwa hiyo naanzia kwa daktari. Yupo daktari wa macho katika hospitali ya huku. Nimemweleza ukungu wako wa asubuhi. Amesema huenda ni mtoto wa jicho, hutolewa, na mtu anarudi nyumbani siku ile ile. Amekuwekea nafasi mwezi wa nne, baada ya kazi kwisha. Najua kabla ya hapo hutashuka kwenye ngazi hata ukivutwa kwa kamba.

Mpe Mama Stoo salamu zangu na uniombee radhi. Swali langu ndilo lililomfikisha pale.

Baba nimemwambia. Amekasirika, halafu akacheka, halafu akauliza nauli.

Mjukuu wako,
Mwalimu


Nyumbani kwa babu
Tarehe 24 Aprili

Kwako Mwalimu wa darasa la sita,

Jengo limekwisha. Vyumba vyote sitini, na bosi amepita kimoja kimoja na tochi akitafuta kiraka, asikione. Rangi tulichanganya siku moja ndani ya mapipa, na krimu ya juu ni dada wa krimu ya chini, baba mmoja mama mmoja, kwa sababu kuchanganya mimi nachanganya kwa kipimo, sichanganyi kwa macho.

Sasa sikiliza vizuri. Wewe ulisema ndoo arobaini. Umekosea.

Vyumba vya juu arobaini na viwili vimekula ndoo ishirini na moja. Ndoo moja, vyumba viwili, kama nilivyokwambia na ukanikatalia. Weka na zile kumi na mbili za chini, jumla thelathini na tatu. Si arobaini yako, wala si thelathini yangu. Zimebaki ndoo saba, na bosi akaniuliza kwa ukali nani alipiga hesabu ile. Nikamwambia ni mwalimu aliyesoma chuo. Akatikisa kichwa kuwasikitikia wanafunzi wako.

Lakini nimekutetea baadaye. Nimelifikiria jambo hili nikiwa juu ya ngazi, na Mama Stoo nyuma yangu na taa akisema, "Hapo tayari, mzee, sogea. Hapo bado. Hapo tayari nimesema, una uziwi pia?" Siku nzima hivyo, kwa wiki nyingi, wala bibi yako hakuwahi kunisema kiasi hicho. Nikaona kwamba hesabu yako haikuwa mbaya. Uliangalia vyumba vya mwanzo ukasema vya mwisho vitakula vile vile. Ni sawa, kama anayemaliza ni yule yule aliyeanza. Kule chini nilipaka peke yangu. Juu tulipaka wawili. Wafundishe hilo, wewe uliyenifundisha vipande mia.

Kwa daktari nilikwenda, kama baba yako alivyokwisha kukwambia kwa simu. Wametoa mtoto wa jicho la kulia. Sikuogopa hata kidogo.

(Mwanangu, ninayeandika ni mimi, Mama Stoo. Babu yako ana bandeji na amekatazwa kuinama. Aliogopa. Alimshika daktari mkono mpaka daktari akamwomba amwachie afanye kazi. Haya, anauliza kwa nini nimenyamaza, naendelea.)

Jicho la kushoto litafuata mwezi ujao. Baada ya hapo nitakuwa naona kuliko wewe na miwani yako, na bosi amekwisha kuniambia kuna jengo lingine. Nimemwambia nitafikiria.

Msalimie baba yako. Usije wiki hii, utanichekesha na nimekatazwa kucheka. Njoo ile inayofuata.

Babu yako,
Fundi Mkuu wa Rangi

(Yangu ni haya tu, mwanangu. Radhi zako zilinifika, sina kinyongo nawe. Zile ndoo saba ziko stoo kwangu, nimefunga mwenyewe. Siku ya mwisho ya kazi babu yako alikuja mlangoni akasimama, nikajua anachotaka. Nikamfungulia, nikamshikia taa. Akazipitia kwa mkono moja moja mpaka ya mwisho. Akazikuta saba.)